Usiseme "Oui" Kama Hujaelewa

Mtaani Lubunga, ng'ambo ya mto kutoka mjini, baiskeli ikiharibika inapelekwa kwa Papa Assumani. Madereva wote wa toleka, zile baiskeli za kubeba abiria, wanamjua. Mkewe, Mama Aziza, anauza lituma, ndizi zilizopondwa, kando ya banda lake, na hachoki kumsifu. "Mume wangu ni fundi, si mchezo!" huwaambia wateja.

Siku moja Assumani alirudi kutoka polisi akicheka. Baiskeli moja iliyokuwa bandani mwake kwa matengenezo iligunduliwa kuwa ya wizi, ndiyo maana aliitwa.

"Wameniuliza kwa français, na nimejibu yote kwa français!" alijigamba, ingawa Kifaransa anakijua kidogo tu.

"Ulijibu nini, papa?" aliuliza Chimène, jirani yao, aliyekuja kununua lituma. Chimène ni mtafiti wa chuo kikuu. Anaandika katika majarida ya sheria kuhusu namna watu wanavyoelewa maswali ya polisi na mahakimu.

"Nilijibu: oui, chef. Ndiyo, mukubwa."

"Maswali yote?"

"Yote! Mukubwa akisema, unamubishia?"

Chimène aliweka sahani chini. "Na kama aliuliza: ulijua velo iko ya wizi?"

Assumani aliacha kucheka. Aziza aliacha kupakua. Mume wake alikuwa ametia sahihi maneno yale, na Alhamisi alitakiwa kwa mwendesha mashtaka. Akionekana alificha mali ya wizi, atafungwa. Na nani atalisha nyumba?

"Mungu wangu! Kwa nini hukuomba Kiswahili?"

"Watu wangesema sikusoma," alijibu kwa sauti ndogo.

"Mficha uchi hazai!" Aziza alifoka. Alifoka kwa sababu aliogopa.

"Si ujinga, mama," alisema Chimène. "Tumeandika mambo haya mara mingi. Mutu akiogopa, na lugha si yake, kichwa kinashika maneno mbili tatu, mengine inapita. Halafu heshima inajibu mahali ya akili. Donc, papa, sikiliza. Sheria inakupa haki ya kuambiwa mashtaka kwa lugha unayoelewa. Omba mukalimani. Avoka, yaani wakili, pia iko haki yako. Hujaelewa? Sema: sijaelewa. Hujui? Sema: sijui. Na mbele ya kutia sahihi, wakusomee yote. Kama kuna kosa, warekebishe."

"Na ile oui yangu?"

"Usiifiche. Sema ukweli, kama hukuelewa."

Basi Aziza akajifanya chef. Alimrushia mumewe français ya haraka haraka, mwiko mkononi.

"Oui, ch..."

"Weye!" Mwiko ukamgusa bega.

"Sijaelewa, chef! Rudilia swali!"

"Bon! Tena!"

Alhamisi walivuka mto kwa mtumbwi. Aziza alikaa kwenye benchi, karibu na mlango uliokuwa wazi. Mwendesha mashtaka aliuliza kwa français, mbio mbio. Aziza aliona midomo ya mumewe inaanza kuifanya ile "oui". Akafumba macho.

"Monsieur le magistrat," Assumani alisema, "sijaelewa. Naomba mukalimani wa Kiswahili."

Mkalimani akaitwa. Ee, hapo fundi akafunguka! Alieleza kwamba mteja asiyemjua alileta baiskeli gurudumu limepinda. Yeye fundi hakuificha, aliitundika mbele ya banda, kando ya barabara. Madereva wa toleka Patrice na Bonheur waliona yote, nao walikuwa nje wanangoja.

"Mbona kule polisi ulikubali?"

"Nilikubali jambo nisiloelewa. Niliona haya."

Madereva wakasikilizwa. Maneno ya Assumani yakasomwa kwa Kiswahili. Akakatiza: "Nilisema gurudumu, si pedali." Yakarekebishwa, ndipo akatia sahihi.

"Nenda nyumbani, papa," mwendesha mashtaka alisema. "Sasa tunamtafuta huyo mteja."

Aziza hakuweza kuzuia machozi. Alimgeukia mama mmoja aliyetoka mbali, Opala, aliyeketi karibu naye. "Umemusikia? Huyo ni bwana yangu!"

Mama yule alikuja kwa kesi ya shamba lake. Tangu asubuhi alikuwa anasali kwa Lingala, sauti chini. Jina lake likaitwa. Akajifunga kitenge vizuri, akaingia, na hata kabla ya swali la kwanza sauti yake ikasikika mpaka uani:

"Naomba mukalimani wa Lingala!"