Koleta Aliyerukwa Stesheni

Jumamosi ile stesheni ya Tabora haikuwa na pa kuweka mguu. Gari la Kigoma lilikuwa limeingia, gari la Mwanza linataka kutoka, na abiria wa magari yote mawili walisukumana na matenga yao ya kuku, kila mmoja akiamini kwamba yeye ndiye atakayeachwa. Koleta hakuwa msafiri. Alitoka Kwihara alfajiri kuja kuwauzia wasafiri asali ya Sikonge. Alivaa gauni jeupe lenye maua mekundu, kanga kiunoni, na kitambaa cha kichwa alichokifunga kwa madaha kama mtu asiyejua kuwa anatazamwa. Anajua sana, tusidanganyane.

Kibuyu kimoja kilipinduka. Akachuchumaa upesi kukidaka kabla asali haijamwagika, na hapo hapo akasikia watu wakipiga kelele, "Pisha! Pisha!" Alipoinua macho aliona nyayo za viatu vya raba zikipita juu ya kichwa chake, angani, bila kugusa hata kitambaa.

Kijana alitua upande wa pili, akakimbia, akadaka mlango wa behewa la mwisho lililokwisha anza kwenda. Mrefu, suruali ya kaki, fulana nyeupe, meno yote nje.

"Wewe!" Koleta akasimama, mikono imejaa asali. "Umeniruka! Rudi uniruke!"

"Nikirudi kutoka Mwanza, dada!"

"Rudi sasa hivi!"

"Gari halirudi nyuma, mrembo!"

Likaenda zake. Kina mama wauza ndizi wakamtazama Koleta kwa huruma. Kwao, mtu akirukwa, mambo yake husimama pale pale. Mtoto aliyerukwa harefuki, na mwali aliyerukwa haolewi. Dawa yake ni moja tu: aliyeruka arudi, aruke kutoka upande wa pili. Mwingine hawezi kumfanyia kazi hiyo.

"Mwanangu," alisema mmoja, "mtafute huyo popote alipo. Utazeeka na vibuyu vyako."

Hakukuwa na haja ya kumtafuta. Kasimiri alikuwa fundi kijana wa karakana ya reli, mtoto wa wakulima wa Lusu, na kule Mwanza alikuwa anakwenda kwenye mashindano ya kuruka juu. Alishinda. Siku aliyorudi hakwenda kazini kwanza, alikwenda kuuliza mjini kote habari za binti wa asali. Akamkuta katika duka la vitambaa la Bwana Lukumani, karibu na stesheni, ambako Koleta alizoea kuacha vibuyu vyake.

"Umekuja kuniruka?" Koleta aliuliza, bila hata salamu.

"Nimekuja kukuomba radhi."

"Radhi siitaki. Nachuchumaa hapa, niruke, uende zako."

Akachuchumaa kweli, katikati ya majora ya vitambaa. Kasimiri akamtazama kutoka juu, akaiona shingo yake na hereni zake ndogo za shaba, na moyo ukamwenda mbio kuliko wakati wowote alipokuwa mbele ya ufito wa kuruka juu.

"Kwanza niambie. Nikikuruka, kitatokea nini?"

"Nitaolewa."

"Na nani?"

"Inakuhusu nini?"

"Basi sikuruki," alisema Kasimiri. "Kaa hivyo hivyo mpaka nijue."

Bwana Lukumani alicheka mpaka akaangusha tepu yake ya kupimia. Koleta alinuna, akaondoka, na njia nzima ya Kwihara alikuwa anatabasamu peke yake.

Ndivyo mapenzi yao yalivyoanza. Kila Jumamosi Koleta alidai rukio lake, kila Jumamosi Kasimiri alikuwa na udhuru. Mara goti linauma, mara ameshiba mno. Jioni moja gari la sinema la serikali lilikuja uwanjani, wakakaa pamoja kwenye nyasi. Baada ya picha za kilimo cha tumbaku ikaja picha ya nchi za baridi. Mlima ulikuwa mweupe kwa theluji, na juu yake wanaume waliofungwa mbao ndefu miguuni. Mmoja mmoja waliteremka kwa kasi, wakafika ukingoni, wakaruka hewani, wamelala kifudifudi juu ya upepo. Uwanja mzima ukapiga yowe. Mtu wa kipaza sauti akaeleza kwamba vijana wale hushindana kipupwe chote, wakihama kutoka nchi moja hadi nyingine.

"Mama zao wako wapi?" Koleta aliuliza, amemshika Kasimiri mkono bila kujua.

"Wako chini, wanawangoja."

"Na wasipotua vizuri?"

"Anayeruka hafikirii hilo. Anafikiria pale anapotaka kutua."

"Wewe unataka kutua wapi, Kasimiri?"

Hapo ndipo angesema. Neno lilikuwa mdomoni. Lakini watu walikuwa wengi, taa ya gari ikawaka, na Kasimiri, ambaye haogopi ufito wa urefu wowote, aliogopa sentensi moja. Akacheka tu. Mimi nilimlaumu kwa hilo, na bado namlaumu.

Wiki chache baadaye alichaguliwa kuirukia Tanganyika dhidi ya Kenya na Uganda. Msimu mzima angekuwa safarini: gari hadi Mwanza, meli hadi Kisumu, kisha Nairobi, kisha Kampala. Siku ya kuondoka alivaa koti jipya lenye jina la nchi kifuani, na Koleta akampa kibuyu kidogo cha asali.

"Ulambe kabla ya kuruka. Usiwape Wakenya."

"Nitakupigia simu dukani kwa Bwana Lukumani, malkia wangu. Jumamosi mchana usitoke pale."

"Mimi malkia gani, nimerukwa na mtu stesheni mbele ya kuku?"

Simu ya Nairobi ilikuja kweli. Koleta alikishika kile kidude kwa mikono miwili.

"Haloo! Kasimiri! Unanisikia?"

"Nakusikia kama uko ndani ya debe, mpenzi. Nimekuwa wa pili."

"Asali uliilamba?"

"Nililamba, lakini niliwapa Wakenya kidogo."

"Ndiyo maana!"

Walicheka mpaka simu ikakatwa.

Lakini huko Kwihara mambo yalikuwa yanakwenda mbele. Shangazi Apolinaria, aliyemlea Koleta tangu mama yake alipofariki, alikuwa mwanamke wa maneno makali na moyo laini, na yote mawili yalikuwa yanamtesa. Alikuwa amepokea mgeni: Sylvester Ngollo wa Sikonge, karani wa wanunuzi wa tumbaku, mtu mzima mwenye adabu, kofia nzuri na baiskeli yenye kengele ya kung'aa. Alileta posa kama inavyotakiwa.

"Huyo mrukaji wako ameleta nini?" Shangazi aliuliza.

"Hajaleta."

"Amesema atakuoa?"

Koleta akaanza kufagia ua, kwa sababu ukweli ni kwamba Kasimiri hakuwahi kusema.

"Basi aje akuruke, akufungue. Siwezi kumpa Bwana Sylvester mwali aliyerukwa, nikaja kulaumiwa nyumba ikikosa watoto. Mwambie hivyo."

Jumamosi iliyofuata simu ilitoka Kampala. Laini ilikuwa mbovu, na dukani wateja walikuwa wamejaa, masikio wazi.

"Kasimiri, kuna mtu ameniletea posa. Wa Sikonge."

Upepo ukavuma ndani ya waya.

"Shangazi anataka uje uniruke," Koleta akaendelea. "Ili... ili niwe huru."

Alikuwa anangoja jambo moja tu duniani. Kasimiri aseme, *siji, hakuruki mtu hapo.* Kule Kampala, Kasimiri alikuwa amebana paji la uso kwenye ukuta wa posta. Alisikia "niwe huru", na akaona kwamba binti ameamua, anaomba kwa heshima, na mwanamume mwenye adabu hawezi kumzuia mtu mlangoni.

"Sawa," alisema. "Mashindano yakiisha nitakuja."

"Utakuja kuniruka?"

"Si ndivyo mnavyotaka?"

"Sawa," alisema Koleta.

Sawa kwa sawa, watu wawili wakavunjana mioyo kwa upole kabisa. Koleta alirudisha simu mahali pake, akamuaga Bwana Lukumani, akaenda kulia nyuma ya stesheni ambako hakuna anayeuliza.

Kesho yake Kasimiri aliruka kwa hasira. Hakulamba asali. Aliuvuka ufito uliozidi kimo chake, warukaji wa Kenya na Uganda wakabaki chini wakimtazama, na watu wakambeba mabegani. Redio ya Bwana Lukumani ilitangaza jina lake, mji mzima ukashangilia. Koleta aliposikia aliinamia vibuyu vyake. Aliona sasa ndiyo basi, mtu wa redio atakumbuka nini habari za Kwihara?

Alikumbuka. Mashindano yalipoisha alituma habari ya siku atakayokuja, na asubuhi hiyo alifika kwa miguu kutoka mjini, na koti lake la Tanganyika likiwa limepigwa pasi. Ua wa Shangazi Apolinaria ulikuwa umejaa majirani. Sylvester alisimama pembeni na baiskeli yake. Katikati ulitandikwa mkeka, na juu yake Koleta aliketi amejifunika kanga kichwani, kwa sababu hakutaka mtu amwone macho.

"Mwangaluka, Shangazi," alisalimu Kasimiri kwa Kinyamwezi. "Shikamoo."

"Marahaba. Umefika vizuri, baba. Fanya kazi yako."

Kasimiri alivua koti, akavua viatu. Akapima hatua zake kurudi nyuma, kama alivyofanya Nairobi, kama alivyofanya Kampala. Akakimbia.

Alifika kwenye mkeka, akasimama.

"Samahani," alisema. Akarudi nyuma tena. Akakimbia tena. Akasimama tena, vidole vya miguu vikigusa ukingo wa mkeka. Jasho likamtoka, na jua halijawa kali.

"Wewe si uliruka Kampala?" Shangazi alifoka. "Huyu amekaa chini! Hata mbuzi wangu anamruka!"

"Nimeshindwa, Shangazi."

"Umeshindwa nini?"

"Nikiruka ufito, upande wa pili kuna mchanga, natua. Hapa upande wa pili kuna Bwana Sylvester." Akaionyesha baiskeli kwa kidole. "Siwezi kutua pale. Nampenda. Nilitakiwa kusema siku ya sinema, nikacheka. Nilitakiwa kusema kwenye simu, nikasema sawa. Si sawa. Sitaki aolewe na mtu mwingine, nataka anioe... nimwoe mimi!"

Majirani wakaangua kicheko. Kanga ikashuka taratibu, na macho ya Koleta yakaonekana, mekundu, yamejaa maji.

"Rudia," alisema.

"Nataka nikuoe."

"Kwa nini ulisema utakuja kuniruka?"

"Wewe uliniambia nije!"

"Nilikuambia *Shangazi* anataka. Mimi nilikuwa nangoja ukatae, mpumbavu wewe!"

Sylvester Ngollo alikohoa. Alikuwa muungwana, na nampa haki yake. Alivaa kofia yake, akamwinamia Shangazi.

"Mama, mimi nilikuja kutafuta mke. Huyu ana mwenyewe. Kwaherini." Akapanda baiskeli, na kengele yake ikasikika mpaka barabara kubwa.

Shangazi Apolinaria alijifuta pua kwa pindo la kanga. "Vizuri. Utaleta posa, tena utaileta kabla mvua hazijaanza. Lakini bado amerukwa huyu! Nitamwozaje hivyo?"

"Atanifungua siku ya harusi," alisema Koleta, akainuka. Akakunguta gauni lake, lile lile la maua mekundu.

"Kasimiri, kaa hapo."

"Wapi?"

"Kwenye mkeka. Kaa. Inamisha kichwa."

Bingwa wa Kampala akaketi, miguu mirefu imekunjwa hadi kidevuni. Koleta akarudi nyuma, akapima hatua kama alivyomwona yeye akifanya, akakusanya gauni kwa mkono mmoja na kuomba radhi kwa shangazi yake kwa macho. Akakimbia, akaruka. Kisigino kikamgusa Kasimiri sikio.

"Umenigusa!" alipiga kelele Kasimiri.

"Haidhuru," alisema Koleta, akihema upande wa pili, anacheka na kulia kwa pamoja. "Na wewe umerukwa sasa. Nione utaoa wapi kama si kwangu."