Nguvu Tatu, Sauti Ishirini

Pikipiki ilipokanyaga daraja la magogo, Tunu alikuwa bado anabishana. Alikaa nyuma, amebanwa na mzigo wa redio na betri uliofunikwa turubai, mdomo uko sikioni kwa kaka yake, anamwambia kwamba mtu wa kweli anaweza kabisa kumbeba mwenzake mgongoni na kupanda naye mlima.

"Wanajeshi wanafanya kila siku!"

"Wanajeshi ndiyo," Abbasi alijibu bila kugeuka. "Siyo wewe, unayeinua ndoo ya maji kwa kuomba dua."

Hapo gogo la kati likazunguka. Gurudumu la mbele likazama kati ya magogo, pikipiki ikapinduka, Tunu akarushwa kwenye matete. Abbasi hakuwa na bahati hiyo. Alikwenda chini pamoja na chuma chote kile hadi kwenye mawe ya kijito, na sauti aliyoisikia Tunu, kama mtu anavunja kuni, haikuwa ya kuni.

Ubishi huo haukuanza njiani. Ulianzia Kasulu, dukani kwa baba yao, penye kompyuta kuukuu ya kuwawekea watu nyimbo kwenye flashi. Binamu yao Tamimu alikuja na gemu kutoka Dar, na tangu siku ile, wateja wakipungua tu, ndugu hawa wawili ukiwaita hawasikii. Kwenye gemu hiyo unachagua mtu wako, unampa uwezo wake kwa namba, halafu unamwingiza kwenye misitu na mapango yenye majoka. Tunu, mwembamba kama ufito, alichagua jimama la vita, akalipatia nguvu kumi na tisa na kuliita Mwamba. Abbasi, ambaye akisimama mlangoni duka linaingia giza, alichagua kibibi cha kutibu watu, akakiita Bibi Ubani. Joka likimjeruhi Mwamba, Bibi Ubani anammiminia kichupa cha dawa ya kijani, jeraha linafunga palepale. Wakilala porini usiku mmoja, wanaamka wazima.

Siku moja Abbasi aliamua kumpa mdogo wake namba zake mwenyewe, za mtu wa kweli. Nguvu, tatu. Akili, kumi na mbili. Subira, sifuri. Sauti, ishirini, "maana wewe ukimwita mteja, hata aliyefika Mwilamvya anageuka." Tunu alinuna siku nzima kwa ajili ya ile tatu.

Sasa ile tatu ilisimama kwenye maji ya magotini, inatazama pikipiki iliyomlalia kaka yake.

Alijaribu kuiinua kwa mikono. Wapi! Akajaribu tena, akateleza, akameza maji ya tope. Akavunja tawi nene, akalipenyeza chini ya injini na kulining'inia kwa mwili wake wote. Pikipiki ikanyanyuka kidogo tu. Abbasi akajivuta kwa viwiko mpaka kando ya maji, anauma meno. Ndipo Tunu alipouona mguu. Chini ya goti ulikuwa umepinda pasipopinda mguu, na mfupa umetokeza nje ya ngozi.

"Usiangalie," Abbasi alisema.

"Nimeshaangalia."

"Basi vua mtandio ufunge. Hapo juu. Kaza."

"Nitakuumiza, kaka."

"Tunu, kaza!"

Alikaza. Alifunga vijiti viwili huku na huku kwa mpira wa kufungia mizigo, na Abbasi akatafuna mkono wa shati lake ili asipige kelele. Alipomaliza, uso wa kaka yake ulikuwa wa majivu, ila bado alijilazimisha kutabasamu.

"Bibi Ubani kasahau vichupa dukani," alisema.

Simu yake haikuwa na mtandao, ya Tunu ilikuwa imejaa maji. Walikuwa wamelala Kibondo, asubuhi wakashika njia ya Mabamba kumpelekea shangazi yao Mwanaheri mzigo wa duka, wakakuta lori limezama kwenye tope na kuziba barabara. Abbasi akakata kona kufuata njia ya wachoma mkaa, kwa sababu aliwahi kuipita kiangazi. Kiangazi! Ule ulikuwa Machi, mwaka 2014, mvua inanyesha kama imetumwa, na wachoma mkaa wenyewe walisharudi makwao. Hakuna aliyejua kwamba ndugu hawa wapo huko.

Tunu akajaza kifua hewa ili apige yowe. Abbasi akamziba mdomo.

"Hapana. Unajua nani yuko humu porini?"

Alijua. Miaka ile mabasi ya barabara ya Kibondo yalikuwa yakipita na askari wenye bunduki ndani, na kila msafiri alijua ni kwa ajili ya majambazi. Isitoshe, ndivyo walivyozoea kwenye gemu. Ukipiga kelele pangoni, majoka yote yanaamka. Mwamba siku zote hupita kimya, na hujiokoa mwenyewe. Basi wakanyamaza. Ubaya ni kwamba mvua haikunyamaza, na kijito kikaanza kupanda.

Kwanza maji yaligusa kisigino cha Abbasi. Baadaye kidogo yalikuwa kiunoni kwake, mekundu, yanasukuma matawi.

"Panda mgongoni," Tunu alisema.

"Acha mchezo."

"Panda, nakwambia!"

Alichuchumaa, akaikamata mikono ya kaka yake shingoni, akajikaza kuinuka. Goti moja liliinuka. La pili likakataa. Wakaanguka wote kifudifudi, Abbasi akalia kilio ambacho Tunu hakuwahi kukisikia kwa mtu mzima, na hapo ubishi wa wiki nzima ukaisha. Mtu wa kweli hawezi. Au huyu wa kweli aliyepo hapa, peke yake, hawezi. Tunu alijichukia kwa wembamba wake. Aliuchukia mwili wake wote, mikono ile ya kuhesabia chenji.

Turubai! Alilifungua kwenye mzigo, akamviringisha Abbasi juu yake, akashika ncha mbili na kuvuta kinyumenyume. Hatua. Tope. Hatua. Turubai likanasa kwenye mzizi, akalinasua kwa meno, akavuta tena. Ngozi ya viganja ikachubuka. Nyuma yao maji yaliibeba pikipiki, yakazibeba redio, boksi moja baada ya jingine, na hakugeuka hata kuziangalia. Alikuwa anamwambia kaka yake uongo: tumekaribia, nimeona paa, bado kidogo tu. Walipofika chini ya mti wa mninga, juu ya ukingo, alianguka kando yake, hana hata pumzi ya kulia.

Walilala hapo, turubai juu, wamekumbatiana kama watoto. Tunu aliteka maji ya mvua kwa kofia ngumu ya pikipiki, akamnywesha kidogokidogo. Ya kijito aliyaogopa.

Kwenye gemu, asubuhi ndiyo saa ya kuamka mzima. Abbasi aliamka anaungua homa. Mguu ulikuwa umevimba mpaka mpira wa kufungia umezama kwenye nyama, vidole vimebadilika rangi, na kidonda kimeanza kutoa harufu. Tunu aliulegeza mpira kidogo, akapuliza pale kidonda kilipo, kama mama anavyopuliza. Akajiona mjinga.

"Bibi Ubani," Abbasi aliita, macho yanatazama majani. "Bibi Ubani, mimina."

"Kaka, ni mimi. Tunu."

"Mimina basi, unamsubiri nani?"

Hapo ndipo hofu ilipomshika kweli. Jana alikuwa anaogopa maji, majambazi, giza. Leo aliogopa kitu kimoja tu, kwamba kaka yake anakufa mbele yake, na yeye amekaa anampulizia. Amwache akatafute watu? Njia haijui, fisi wapo, na homa ile haitamsubiri. Abaki kimya? Kimya ndicho kilichowafikisha hapa.

Mvua ilikuwa imekatika. Kwa mara ya kwanza tangu jana aliweza kusikia matone yakidondoka kwenye majani, na ndege. Aliinuka, akaenda kwenye kichuguu kilichokuwa karibu, kirefu kumpita, akakipanda kwa magoti na viwiko kwa sababu viganja vilishakwisha. Alisimama juu. Waje majambazi, alijisemea, wachukue watakacho, hata wao wana mikono ya kubebea.

Akaweka kiganja mdomoni, kama alivyomwona bibi yake mzaa mama akifanya zamani nyumba ya jirani ilipoungua, akapiga yowe. Halikuwa neno. Lilikuwa lile yowe refu la Waha, linalopanda, linakatwakatwa kwa kiganja, linapanda tena. Likaenda porini. Hakuna kilichorudi.

Akapiga la pili. La tatu. Koo likakwaruza, akaonja damu. Chini yake Abbasi alikuwa ameacha kumwita Bibi Ubani, na ukimya ule ulikuwa mbaya kuliko maneno.

"Usilale!" Tunu alimfokea, machozi yanamtiririka. "Abbasi wewe, ole wako ulale!"

Akapiga tena, kwa sauti yote ya dukani na sokoni, yote ishirini, mpaka akaona nyota mchana. Na kutoka mbali, upande ambao asingeufikiria, yowe likajibu. La mwanamke. Kisha jingine nyuma yake, dogo zaidi, kutoka kilima kingine. Kisha la mwanamume.

Tunu akateremka kichuguu kwa makalio.

Hawakuja mbio moja kwa moja. Alisikia matawi yakivunjika, halafu kimya. Kati ya miti akaona panga, na mkono ulioshika panga. Tunu akachukua jiwe, akasimama mbele ya kaka yake.

"Nani huyo?" sauti ya mzee iliuliza. "Mko wangapi?"

"Wawili! Mmoja anakufa!"

Panga halikushuka. Nao walikuwa wanaogopa, Tunu akaelewa. Yowe la uongo lilishawaua watu miaka ile. Walikuwa wameacha majembe shambani bila kujua wanakwenda kwa mgonjwa au kwa bunduki, na bado walikuja. Mwanamke mmoja wa makamo, kitenge kimefungwa kifuani, matope mpaka mapajani, akawapita wanaume wote na kutangulia. Aliutazama mguu, akamtazama Tunu na jiwe lake.

"Weka hilo chini, mwanangu. Mimi ni Immakulata. Mzee Niyibizi! Kateni miti!"

Walikata miti miwili mirefu, wakasuka kamba za magome katikati, wakatandika turubai lilelile. Ingobyi, walivyoiita, machela ambayo kila mtu wa vilima vile amewahi kuibeba na wengi wamewahi kubebwa nayo. Wanaume wanne wakaingia chini ya miti, wakainua, wakaondoka kwa mwendo wa haraka, sio mbio na sio kutembea.

Na hapa ndipo Tunu alipoona kitu ambacho hakuwahi kukiona kwenye gemu. Hakuna aliyebeba muda mrefu. Mtu alibeba mpaka pumzi ibadilike, mwingine akaingiza bega bila kuombwa, machela haikusimama, haikuyumba. Kila kilima walichopita, watu wapya walikuwa wanasubiri njiani, wale waliolisikia yowe na kulipokezana, na waliochoka walirudi kwenye mashamba yao bila kuaga. Vijana, wazee, mama mmoja mwenye mtoto mgongoni akipokea ile kofia ya pikipiki na kuchota maji. Hakuna hata mmoja aliyekuwa na nguvu kumi na tisa.

Tunu naye aliingiza bega. Mti ulimuuma kama moto. Alikaza, akahesabu mapigo ya moyo wake, akaapa hatatoka. Immakulata akamsukuma kwa nyonga.

"Toka, ni zamu yangu."

"Ni kaka yangu!"

"Ndiyo, ni kaka yako. Toka. Ihangane, mwanangu, vumilia, zamu yako itarudi."

Ikarudi, kweli. Mara tatu kabla ya barabara, ambako gari lilimchukua Abbasi mpaka hospitali.

Mguu haukukatwa, ingawa daktari alisema kwa muda mrefu kuwa labda. Ulikuja kupona baadaye, ukiwa mfupi kuliko mwenzake. Mvua za mwisho za masika zilimkuta Abbasi kwa shangazi Mwanaheri, Mabamba, amekaa kibarazani na hogo lake la plasta mguuni, magongo ukutani, sahani ya maharage mapajani. Tunu alikuwa amemletea chai.

"Nimefikiria," Abbasi alisema. "Nguvu nakupandishia. Nne."

"Nne tu? Nilikuvuta mlima mzima!"

"Ule ukingo? Ule mlima?"

Tunu alikuwa amefungua kinywa kumjibu, na majibu alikuwa nayo mengi, yowe liliposikika ng'ambo ya bonde. La mwanamke, la kukatwakatwa. Kikombe kiliwekwa chini, chai ikamwagika, na Tunu alishafika nje ya ua, anajifunga kanga kiunoni.

"We Tunu! Bega lako halijapona!"

Hakumjibu yeye. Alilijibu lile yowe, kwa sauti yake ya Kasulu iliyobaki na mkwaruzo tangu siku ile, na kilima cha pili kikalipokea. Abbasi alibaki kibarazani, anasikiliza sauti ya mdogo wake ikiteremka bondeni mbele ya watu wengine wote, na kwa mara ya kwanza tangu siku ile ya kijito, akalia.