Jina la Shangazi Spesioza

Kila Jumamosi jioni Vestina alimshika mkono babu yake, Mzee Kipriani, wakateremka hadi dukani kwa Khatibu, pale Nyakitonto. Mzee alikaa barazani, maana mtoto wa jicho alikuwa amemziba macho yote mawili. Vestina aliingia ndani kwenye televisheni. Kazi yake ilikuwa moja tu: tamthilia ikiisha na watazamaji wengine wakiondoka, asome majina yanayopita, kisha atoke amwambie babu jina la shangazi yake, binti wa mzee, limepita kwenye kazi gani.

Jina hilo, Spesioza Kipriani, lilikuwa limetoka mbali. Shangazi alipokwenda Dar es Salaam, kituo cha televisheni kilimpa kazi ya kukunja nyaya. Alizikunja miaka mingi, huku wenzake wakimcheka kwa lafudhi yake ya Kiha. Baadaye akashika kamera, kisha akawa msaidizi wa mwongozaji. Kila alipopanda, mzee aliwanunulia soda watu wote wa barazani, na yeye mwenyewe hana hata viatu vya maana!

"Imebaki ngazi moja," alikuwa akisema. "Siku mwana wanje, mwanangu huyu, akiwa mwongozaji mwenyewe, hata Mungu akinichukua, sawa."

Lakini miezi ikapita, jina halikusogea. Vestina akachoka. Nyuma ya duka wenzake walicheza rede, na kwa kukwepa mpira hakuna aliyemweza.

Jumamosi moja mzee aliamka ana tabasamu. "Leo usome vizuri, mama," alisema, asieleze zaidi. Tamthilia ilipokaribia kwisha, Vestina akasikia kelele za rede. Akachomoka kwa mlango wa nyuma.

Aliporudi, babu alikuwa amesimama. "Limepita wapi?"

"Msaidizi wa mwongozaji, Babu. Kama kawaida."

Mzee akamwita Khatibu pembeni, wakanong'ona, kisha yeye na Vestina wakashika njia ya nyumbani. "Masikini mwanangu," alisema njiani. "Labda wamemnyima. Leo nisimpigie simu, asije akalia." Vestina aliendelea kumshika mkono, asimwambie kwamba hakusoma.

Kabla ya Jumamosi nyingine homa ilimlaza mzee, na hakuinuka tena.

Shangazi Spesioza alifika msibani macho yamemvimba. Baada ya mazishi alimvuta Vestina nyuma ya jiko.

"Vesti, Jumamosi ile ndiyo mara yangu ya kwanza kuwa mwongozaji. Nilimwambia Baba asikilize majina tu. Nikasubiri simu yake hadi nikasinzia. Hakupiga. Alisema nini aliposikia?"

Ilikuwa rahisi kujibu, "Alifurahi sana." Jibu lilikuwa limeshafika ulimini, na lingemfariji. Lakini Vestina alikumbuka sauti ya babu njiani, akashindwa. Alieleza yote: rede, mlango wa nyuma, uongo. "Hakusikia, Shangazi. Alidhani wamekunyima. Ni mimi."

Shangazi aliketi chini, juu ya kuni, akalia kama mtoto. "Amekufa ananihurumia," alisema. Vestina alilia pia, asijue ashike nini.

Hatimaye shangazi alijifuta kwa kanga. "Ungeniambia alifurahi, ningekuamini. Nimekusamehe, Vesti. Lakini inaniuma, nisikufiche."

Jumamosi, kabla Shangazi hajasafiri, walikwenda wote wawili dukani. Nafasi ya mzee barazani ilikuwa wazi. Vestina alisimama mbele ya televisheni hadi mwisho kabisa, akasoma kwa sauti ya kufika nje: "Mwongozaji, Spesioza Kipriani!"

Khatibu alitoka na kreti ya soda. Shangazi akafungua pochi.

"Hapana, dada," alisema Khatibu. "Hizi ni za mzee. Alizinunua asubuhi ile, alikuwa na uhakika. Jioni nikataka kumrudishia pesa, akakataa. Aliniambia, 'Ziweke tu. Siku yake itafika.'"

Watu wa barazani walipokea chupa. Shangazi alimpa Vestina ya kwake.

"Unajua kwa nini mimi walinipandisha?" alisema. "Walikuwa wakinituma kuangalia waya, nikaangalia kweli. Ukiwa mbovu nilisema mbovu, hata kama nimeuharibu mimi. Anayekutuma kuangalia amekukabidhi macho yake, mwanangu. Babu alikukabidhi ya kwake. Ukitumwa tena, angalia hadi mwisho, na useme ulichokiona."

"Ndiyo, Shangazi," alisema Vestina. Soda ilikuwa tamu, lakini aliiweka kwenye nafasi ya Babu barazani.