Vichupa Vilivyoganda

Lori jeupe lilikuwa mbele kwa mita mia mbili, na Msumari hakuwa na muda wa kulibembeleza.

Alikaza mafuta. Yamaha ikanguruma chini yake.

Redio ikakwaruza sikioni.

"Msumari, Mzee hapa. Uko wapi?"

"Mkiani mwa lori. Mpaka uko kilomita tisa."

"Likivuka, basi tena."

"Halivuki."

Msumari lilikuwa jina la kazini. Wenzake walimpa kwa kuwa akishaingia mahali, kumtoa ni shughuli. Mzee ndiye mkubwa wake, mtu ambaye pale Ofisini, makao ya wapelelezi, hakuna aliyewahi kumwona akikimbia wala akicheka.

Msumari alilipita lori kwa upande wa kushoto, akageuza kiuno, akachomoa Beretta yenye kizuia sauti.

Risasi moja. Tairi la mbele.

Lori liliyumba, likapanda ukingo wa barabara, likasimama likihema. Dereva akashuka mikono juu, mguu mmoja una kandambili, mwingine mtupu.

"Taratibu, kaka. Mimi dereva tu. Hata hili koti si langu."

"Umebeba nini?"

"Chanjo. Zile za nimonia, za watoto."

"Za kwenda wapi?"

"Ng'ambo. Kuna bwana mmoja wa kigeni anazisubiri."

"Na kliniki imepelekewa nini?"

Dereva akameza mate. "Nyingine. Ziliganda hukohuko zilikotoka, wenyewe wakazitupa. Zimebandikwa karatasi mpya. Mkuu wa ghala alisema hazidhuru mtu, ni kama maji tu."

"Mtoto amekuja kupewa kinga, wewe unampa maji. Kisha ugonjwa ukija?"

Dereva aliangalia ule mguu wake mtupu.

Msumari alimfunga pingu za plastiki mlangoni, akafungua nyuma. Kipimajoto kilisoma digrii nne. Katoni zilikuwa zimepangwa vizuri, zimetulia.

"Mzee, mzigo mzima. Niletee walinzi. Na katoni moja iwahishwe kliniki kwenye kisanduku chake, nataka kulinganisha."

"Maabara ataileta. Kliniki inaanza kuchanja saa mbili kamili. Kina mama mia tatu."

Sauti ya tatu ikaingia, ya mwanamke, nzito kidogo kwa kukesha.

"Maabara hapa. Niko njiani na askari. Mdogo wangu, vaa kofia yako."

"Nimevaa, dada."

"Mwongo."

Ni kweli hakuwa ameivaa. Akaivaa, akatazama Casio yake. Saa moja na dakika kumi na tano. Akageuza pikipiki.

Sasa, huyo Maabara alikuwa dada yake wa tumbo moja, na ndiye aliyeianzisha kazi yote hii. Bakteria wa nimonia si mmoja. Wako wa aina karibu mia, kila aina na ganda lake, na chanjo hufundisha mwili kuyatambua yale maganda ya aina zilizo mbaya zaidi. Dada hudondosha dawa yake kwenye kioo, anainama kwenye hadubini, na ganda likivimba anajua huyu ni nani. Wiki tatu hizi waliletwa watoto watatu mahututi. Wote wamechanjwa, kadi zipo. Wote akakuta aina ya kumi na nne, na hiyo chanjo huizuia.

Mtoto mmoja, unaweza kusema ni bahati mbaya. Watatu wa kliniki moja? Dada alipiga simu Ofisini akasema maneno machache: "Chanjo tunazoletewa zimekufa."

Aina ya kumi na nne aliijua zamani. Ndiyo iliyompa binti yake homa ya uti wa mgongo akiwa na miezi minane, ikamwachia uhai ikamnyang'anya masikio. Yeye mwenyewe ndiye aliyemwangalia bakteria huyo kwenye hadubini, maana siku hiyo hapakuwa na mwingine wa zamu.

Kilichomshinda dada kukijua, Msumari alikijua.

Upepo ulimpiga kifuani. Miaka mitano nyuma alitakiwa kupitisha mtambo wa redio kwenye kizuizi cha watu wenye silaha. Kisanduku cha chanjo hakipekuliwi. Akavaa sare ya dereva wa afya, akaficha mtambo chini ya vichupa. Zile pakiti za barafu zikitoka kwenye friza huachwa mezani kwanza, zitoe jasho, mpaka ukizitikisa usikie maji ndani. Huchukua muda. Yeye alikuwa na haraka.

"Weka hivyohivyo," alimwambia mtu wa ghala. "Baridi ikizidi si ndiyo vizuri?"

Mtu wa ghala alicheka, akaziweka hivyohivyo.

Kumbe chanjo hii haivumilii kuganda. Ikiganda mara moja, imekwisha, hata ukiipasha vipi. Msumari alipofika kliniki aliona vipande vyeupe vikielea vichupani, kama maziwa yaliyokatika. Muuguzi aliuliza. Yeye akajibu. Juma lile dada yake alimpeleka mwanawe kuchomwa sindano, kliniki ileile.

Ofisi ilimpa cheti cha ushujaa kwa kazi ile. Kiko chini ya godoro mpaka leo.

Saa mbili kasoro dakika tano.

Ua wa kliniki ulijaa. Kina mama kwenye mabenchi, kina mama sakafuni, watoto migongoni na mapajani. Msumari alipita katikati yao kwa hatua ndefu. Chumba cha chanjo kilikuwa na meza moja, beseni, sanduku la sindano chafu na kalenda ya mwaka uliopita. Muuguzi mkuu, mama wa makamo, miwani imening'inia kwa kamba, alikuwa anapanga vichupa.

Kando yake, ameegemea jokofu, alisimama mkuu wa ghala. Watu walimwita Barafu kwa kuwa hakuna aliyemwona akitoka jasho. Alikuwa yuleyule mtu wa ghala wa miaka ile, cheo tu ndicho kilichonenepa.

"Mama, usichome," Msumari alisema. "Chanjo hizo ziliwahi kuganda."

"Wewe nani?"

Akaonyesha kitambulisho. Muuguzi akakisoma pande zote mbili bila haraka.

"Mwanangu, hiki hakiniambii kitu. Mimi nafuata hati. Hati hizi hapa. Na alama ya joto kwenye kichupa, tazama, nyeupe kabisa."

"Alama hiyo inasema kama kimepata joto. Kuganda haikuambii."

Akachukua kichupa, akakitikisa, akakisimamisha mezani. Baada ya muda vumbi jeupe likaanza kushuka, juu yakabaki maji.

"Hutulia hivyo siku zote," Barafu alisema kwa upole. "Muulize mama."

"Ni kweli hutulia," muuguzi alisema. "Si haraka hivi, lakini hutulia."

"Nipe nusu saa. Inakuja katoni nzima, tulinganishe."

"Nusu saa? Wako waliotembea tangu alfajiri. Nikiwaambia ngojeni bila sababu wataondoka, na wakiondoka hawarudi. Nitawatafutia wapi?"

Barafu akatabasamu. "Mama aendelee na kazi. Bwana mkubwa, njoo tuongee pembeni."

Wakasogea dirishani. Barafu akashusha sauti.

"Redio yako iko hewani?"

"Haiko hewani."

"Hapo sawa. Wewe na mimi tumetoka mbali. Nani aliyenifundisha kuwa hati zikiwa safi hakuna anayetazama kichupa? Ni wewe. Nilisubiri mwaka mzima nikijua utasema. Hukusema. Nikajua hii ni njia."

Msumari alitazama nje, kwenye mabenchi.

"Dada yako ni yule wa maabara, si ndiyo? Mwenye kile kitoto kiziwi." Barafu alimpangusa vumbi begani kama ndugu. "Nenda nyumbani. Ukinitaja nakutaja. Kesho anajua ni nani aliyemfanyia mwanawe vile."

Nyuma yao muuguzi alifungua mlango. "Wa kwanza, ingia mama."

Mama mmoja aliingia na mtoto wa wiki sita, bado uso una mikunjo. Akampakata, akafunua paja dogo.

Muuguzi akavuta dawa kwenye bomba.

Msumari alipeleka kidole kwenye kitufe cha redio yake.

Akabonyeza.

"Mama," alisema, na sauti ikaenda hewani. "Miaka mitano nyuma uliletewa kisanduku na dereva. Uliona vipande vyeupe, ukauliza."

Muuguzi akasimamisha sindano.

"Akasema ni povu la safari," alisema taratibu. "Nalikumbuka neno hilo. Nilisema moyoni, povu gani tena la dawa?"

"Dereva yule nilikuwa mimi. Halikuwa povu. Niligandisha chanjo zile kwa haraka zangu, nikakuona unazichoma, nikanyamaza. Mtoto wa dada yangu alikuwa mmojawapo. Amekuwa kiziwi." Akavuta pumzi. "Sina hati ya kukupa. Nina hilo tu. Nayajua maji haya, mama. Usichome."

Muuguzi aliivua miwani, akaivaa tena, akamtazama vizuri usoni. Kisha akaimwaga dawa ya lile bomba kwenye beseni.

"Mfunike mtoto," alimwambia yule mama. "Mtangoja kidogo. Kuna dawa nzima inakuja, na anayeondoka atanikuta mimi mlangoni."

Barafu alitoka mbio.

Hakufika mbali. Msumari alinyakua mfuniko wa kisanduku cha chanjo, akaurusha chinichini. Ukampata Barafu nyuma ya goti. Alianguka kifudifudi kwenye benchi la kina mama, mkono ukienda kiunoni. Buti la Msumari likatua juu ya mkono ule.

"Acha hapo."

Bastola ndogo iliteleza sakafuni. Bibi mmoja aliyekuwa amepakata mjukuu akaisukuma mbali kwa ncha ya kiatu.

"Kumbe wewe nawe hutoka jasho," Msumari alisema akimfunga pingu.

Redio ikakwaruza.

"Msumari, Mzee hapa. Tumekusikia." Akaongeza: "Wote."

Gari la askari liliingia saa mbili na dakika ishirini na tano. Dada alishuka na kisanduku, koti jeupe, kalamu nywelani. Alimpita ndugu yake bila kumtazama. Mezani akatoa kichupa kizima, akakishika mkono mmoja pamoja na kile cha Barafu, akavitikisa vyote, akaviweka kando kwa kando.

Wakasubiri. Kimoja kilibaki cheupe kama maziwa. Kingine kilishuka, kikaacha maji juu.

"Ziteketezwe zote hizi," dada alisema. "Mama, chanja kwa hizi zangu. Lori limebadilishwa tairi, liko nyuma. Na waliochomwa zile za mwanzo tuwaite, warudie."

"Na wale wa miaka ile?" muuguzi aliuliza.

"Na hao pia. Daftari lako bado lipo?"

"Lipo."

Mtoto wa kwanza alilia. Dada akatoka nje, akamkuta Msumari kando ya pikipiki.

"Ulikuwa unakuja kila Jumapili," alisema.

"Ndiyo."

"Mimi nilidhani nilichelewa. Homa ilianza jioni, nikamfikisha hospitali asubuhi. Nimekuambia hilo mara ngapi? Nimelia mbele yako mara ngapi, nikisema ni mimi, ni mimi? Ulikuwa unanishika bega."

Msumari alifungua mdomo.

"Usiseme samahani. Nitakupiga, na hawa wote wanatazama." Alipangusa pua kwa mkono wa koti. "Jumapili utakuja. Utamwambia yeye mwenyewe."

"Dada, mimi lugha yake ya mikono najua maneno sita. Kula, lala, mpira—"

"Basi una siku nne za kujifunza. Mimi sikufundishi."

Akageuka, akarudi ndani kwenye kilio cha watoto.

Mzee aliita redioni. Msumari akaizima.

Kina mama kwenye benchi waliona mtu mrefu akivaa kofia yake vizuri, akiisukuma Yamaha mpaka getini ili mngurumo usiwashtue watoto, halafu akaondoka polepole, mgongo umenyooka, kama mtu asiye na deni la yeyote.

Kwenye njia panda taa ilikuwa nyekundu. Aliachia usukani, akainua mikono miwili mbele ya kifua, akatafuta vidole vikae vipi ili viseme, ni mimi.

Taa ikawaka kijani. Gari la nyuma likapiga honi. Hakuwa amepata bado.