Kizibo Mfukoni

Kila asubuhi kabla ya kwenda shule, Ruqaya humsaidia mama yake kutandaza turubai kando ya njia, upande wa Mnazi Mmoja. Juu yake hupanga mitandio, kanga na vijora. Mizigo ya wateja wa mikoani huifunga kwa nailoni na kuizungushia selotepu. Mama yake, Bi Badriya, haachi ncha ya selotepu hivi hivi. Hukunja kona moja, kisha kona ya pili, mpaka ncha ifanane na sambusa ndogo. Anayetaka kufungua mzigo anashika sambusa na kuvuta. Ruqaya ameizoea kazi hiyo kiasi kwamba vidole vyake hukunja vyenyewe huku akili yake iko kwingine.

Miezi kadhaa iliyopita hawakuwa barabarani. Walikuwa na nusu ya fremu pale Kariakoo, katika duka la Mzee Isidori, muuzaji wa mashuka kwa jumla. Yeye upande wake, Bi Badriya upande wake, na Fortunata, binti wa Mzee Isidori, alikuwa rafiki wa Ruqaya na darasa lao moja. Bi Badriya ndiye aliyewafundisha wote wawili kukunja sambusa ya selotepu, wakiwa wamekaa juu ya marobota ya mashuka.

Kisha robota moja likapotea. Mzee Isidori hakuuliza, hakuchunguza. Alisimama barazani saa ambayo mtaa umefurika watu, akapaza sauti.

"Mama Ruqaya! Kama una njaa si ungesema? Toa vitu vyako! Mimi sikai na mwizi!"

Wapagazi walisimamisha mikokoteni yao kutazama. Wateja walicheka. Mitandio ilitupwa nje, na mvua ilikuwa inanyesha. Ruqaya na mama yake waliiokota mmoja mmoja kwenye maji machafu. Fortunata alikuwa amesimama mlangoni anamung'unya ubuyu. Alitazama chini, hakusema neno.

Ruqaya aliyaweka yote moyoni. Aliikumbuka mvua, vicheko, hata rangi nyekundu ya ubuyu kwenye midomo ya Fortunata. Wapo watu watakaokuambia usahau. Ukiwatazama vizuri, wengi wao ni wale wale waliokukosea.

Muhula huu Mwalimu Athanas, mlezi wa klabu ya mazingira, aliwapeleka darasa la sita kuona wanyama na ndege wa kwenye mikoko. Jumamosi asubuhi walivuka kwa pantoni kutoka Kivukoni hadi Kigamboni, kisha wakaenda mpaka mahali ambapo mkono wa bahari unaingia nchi kavu. Huko walipokewa na kijana mwongozaji aitwaye Bushiri. Kayaki za plastiki zilikuwa zimelazwa ufukweni, nyekundu, bluu na njano.

"Sikilizeni, wadogo zangu," Bushiri alisema. "Kayaki ni tupu ndani, kama dumu. Huku nyuma kuna tundu la kumwagia maji, na tundu lina kizibo. Kizibo kikitoka, maji yanaingia tumboni polepole na wewe uliyekaa juu huyaoni. Utashtukia chombo kimekuwa kizito. Kwa hiyo kizibo hakichezewi. Tumeelewana?"

"Tumeelewana!" waliitikia wote.

Ruqaya alielewa kuliko wote.

Fortunata alikuwa ameshaweka begi lake juu ya kayaki ya njano. Wenzao walipokuwa wakivalishwa majaketi ya kujiokolea, Ruqaya aliinama nyuma ya kayaki ile kama anayefunga kamba za viatu. Akafungua kizibo, akakitia mfukoni. Begini mwake haikosekani selotepu. Alikata kipande kwa meno, akaziba tundu. Alikuwa na hesabu yake. Selotepu hiyo hufika Tabora na mzigo bila kubanduka, basi itashika mpaka watoke ufukweni, kisha ilegee. Fortunata alowe mbele ya darasa zima kama mitandio ilivyolowa mbele ya mtaa mzima.

Alipomaliza, Bushiri alianza kupanga watu.

"Mrefu nyuma, mfupi mbele. Wewe dada wa mtandio wa kijani, nyuma, kayaki ya njano. Mwenye begi, mbele."

Mtandio wa kijani ulikuwa wake yeye.

"Kaka, mimi nataka nyekundu," Ruqaya alisema.

"Nyekundu ina wenyewe. Panda bwana, maji yameanza kujaa."

Angesema hapo hapo, yangeishia ufukweni. Hakusema. Alijiambia moyoni, "Poa. Tulowe wote, bora na yeye alowe." Akapanda.

Waliingia kwenye mikoko kwa mstari, Bushiri mbele, mwalimu katikati, kayaki ya njano mwishoni. Mizizi ilisimama majini kama miguu ya viti vilivyorundikwa. Kaa wenye gando moja kubwa walikimbilia mashimoni. Samaki wadogo wenye macho ya kutokeza walirukaruka juu ya tope, nje kabisa ya maji.

"Ruqa, ona mdiria! Yule ndege wa bluu pale!" Fortunata alinong'ona.

"Sioni."

"Bado tu umenuna? Miezi yote hii?"

"Piga kafi."

"Napiga! Wewe ndiye hupigi, ndiyo maana tunabaki nyuma."

Hawakubaki nyuma kwa uvivu. Selotepu inayoshika kwenye nailoni kavu haikuweza kushika kwenye plastiki yenye chumvi. Ilikuwa imebanduka mapema, na kayaki ilikuwa inakunywa maji. Ilianza kuyumba. Wenzao walipinda kona, sauti zao zikapotea. Mkondo ukaisukuma kayaki ya njano pembeni, ikapanda juu ya mizizi na kukwama imelala upande.

"Kaa, nitasukuma," Fortunata alisema. Kabla Ruqaya hajamjibu, alikuwa ameshateremka.

Akazama kwenye tope mpaka mapajani. Akajaribu kunyanyua mguu mmoja, ule mwingine ukashuka zaidi. Maji yalikuwa kiunoni na bado yalikuwa yanajaa. Jaketi humfanya mtu aelee majini, lakini halimng'oi kwenye tope. Aliikamata kayaki kwa nyuma, na hapo akaona tundu wazi. Pembeni mwake kipande cha selotepu kilining'inia, ncha yake imekunjwa kona mbili, sambusa ndogo.

Aliishika ile sambusa kwa vidole viwili.

"Huu mkunjo ni wa kwenu."

"Ndiyo," Ruqaya alijibu.

"Ni wewe?"

"Ni mimi."

"Ruqa, nipe kafi nishike. Nazama."

Ruqaya alilishika kafi kwa mikono miwili, akaliweka mapajani.

"Kwanza sema. Siku ile ulisimama mlangoni ukamung'unya ubuyu. Unamjua mama yangu. Unajua haibi. Mbona ulinyamaza?"

"Nipe kafi!"

"Sema!"

Fortunata alianza kulia. "Robota nilimpa mimi Bakili."

"Bakili yupi?"

"Yule winga anayetafutia maduka wateja. Alikuja mbio, akasema ana mteja yuko kona ya pili, anataka kuona mashuka, anaonyesha anarudi. Si mawinga wote huwa wanachukua hivyo? Baba alikuwa sokoni… alikuwa benki, sijui! Hakuwepo! Nikampa. Hakurudi. Baba alipoanza kumpigia kelele mama yako, niliogopa. Nikasema moyoni nitamwambia kesho. Kesho yake nikashindwa."

Ruqaya alimtazama. Kwa miezi yote alikuwa amemchukia kwa kunyamaza, kumbe hakujua hata nusu yake. Hasira ilimpanda mpaka masikioni. Maji yalifika kifuani mwa Fortunata. Ghafla Ruqaya aliona jambo ambalo hakulipenda hata kidogo. Mmoja alinyamaza mlangoni akatazama mtu anaonewa. Mwingine amekaa juu ya kayaki ana kafi mkononi, anatazama mtu anazama.

"Shika!" alipiga kelele, akanyoosha kafi. "Kaka Bushiriii! Njooni!"

Bushiri alirudi kwa kasi, mwalimu nyuma yake. Alimlaza Fortunata kifua juu ya kayaki yake mwenyewe, akamwambia atikise mguu mmoja mmoja bila pupa, mpaka tope likamwachia. Viatu vilibaki chini. Kisha Bushiri akaigeuza kayaki ya njano, akaona tundu.

"Nani katoa kizibo?"

Darasa zima lilikuwa limeshakusanyika na kayaki zao. Fortunata, tope limemjaa mpaka kwenye nywele, alinyamaza. Safari hii alinyamaza kumficha Ruqaya.

Ruqaya aliingiza mkono mfukoni, akakitoa kizibo, akakiinua watu wakione.

"Mimi."

"Unajua ungeweza kuua mtu?" Mwalimu Athanas aliuliza kwa sauti ya chini iliyotisha kuliko ukali.

"Najua, mwalimu."

"Jumamosi zako zote za muhula huu utakuja hapa, utaosha kayaki na kuokota nailoni kwenye mikoko. Na mama yako nitamwambia mwenyewe."

"Sawa, mwalimu."

"Na mimi nina langu," Fortunata alisema akijifuta pua. "Ila nitaanza kumwambia baba."

Jumatatu jioni Mzee Isidori alifika kwenye turubai, Fortunata pembeni yake. Alibeba katoni ya soda begani, mwenyewe, bila mpagazi. Akaishusha na kuchuchumaa, akasema karibu na sikio la Bi Badriya.

"Mama Ruqaya, mtoto kanieleza kila kitu. Nimekosa. Yamepita hayo, tuyamalize kimya kimya, urudi kwenye nafasi yako."

Bi Badriya aliendelea kufunga mzigo.

"Baba Fortunata, siku ile ulisema kwa sauti gani?"

"Ah, hasira tu, mama."

"Nimekuuliza sauti."

"Kwa sauti kubwa."

"Ulisimama wapi?"

"Barazani."

"Mbele ya nani?"

Mzee Isidori aligeuka akaitazama katoni ya soda. Fortunata alimvuta mkono wa shati. "Baba, twende."

"Soda zako zibebe," Bi Badriya alisema, akainuka. "Uliponiita mwizi hukuchuchumaa."

Wakaenda Kariakoo. Mtaa ulikuwa umefurika kama siku ile, mikokoteni inasukumana, mawinga wanaita wateja. Mzee Isidori alipanda barazani kwake, akakohoa.

"Jamani, huyu mama…"

"Sisikii," alisema Bi Badriya aliyesimama chini, katikati ya njia.

Wapagazi wakasimamisha mikokoteni. Mzee Isidori akavuta pumzi.

"Huyu mama sio mwizi!" alisema kwa sauti iliyofika ng'ambo ya mtaa. "Robota lilitoka kwa mkono wa mwanangu! Nilimtukana bila kuuliza, nikamtupia vitu vyake kwenye mvua! Mama Ruqaya, nisamehe!"

"Sasa nimesikia," alisema Bi Badriya.

Kifua cha Ruqaya kilijaa raha tamu kama ya kiu iliyokatwa. Alidhani yameisha. Mama yake akamgeukia.

"Haya, panda na wewe."

"Mimi?"

"Ulimfanyia Fortunata kwa kujificha. Mwombe radhi hapo hapo, kwa sauti hiyo hiyo."

Miguu ilikuwa mizito kama iko kwenye tope, lakini Ruqaya alipanda. Alisema alichokifanya, kizibo, selotepu na kafi alilolizuia. Hakupunguza neno. Kisha Fortunata naye, bila kuitwa, akasema lake mbele ya Bi Badriya. Mpagazi mmoja akaguna, "Familia hizi leo zinafua nguo zote," na watu wakacheka. Safari hii hakuna aliyechekwa.

Siku ile ile mizigo ya Bi Badriya ilirudi kwenye nusu yake ya fremu. Alikaa juu ya robota moja, akawaweka watoto wawili mbele yake.

"Ruqaya, sikukatazi kuwa na hasira. Mtu akikuonea, kumbuka. Ila haki yako uidai mchana, mbele za watu, jina lako likiwa juu yake. Ukiitafuta kwa kujificha nyuma ya chombo, unafanana na aliyekuonea. Na wewe Fortunata, uliogopa maneno ya baba yako, mtu mwingine akayabeba kwa niaba yako. Kosa lako ulibebe mwenyewe, na mapema, kabla halijawa zito."

Akawatupia selotepu.

"Fungeni mzigo wa Tabora, gari halisubiri."

Fortunata alishika nailoni, Ruqaya akazungusha selotepu. Alipofika mwisho alisita, akampa Fortunata ncha, naye akaikunja kona moja, kisha kona ya pili.