Wazimu wa Kisimba

Siku Kisimba alipoingia kituo cha treni cha Kamina na tai shingoni, Jamhuri ya Zaire ilitetemeka. Tai ilikuwa marufuku. Raia mwema alivaa abakosti, koti lisilotaka tai, na kufunga vifungo mpaka kooni. Émerence, binti wa sajini wa kambi, kitenge cha njano kiunoni, akasahau kuuza mikate yake.

"Kaka, nani amekufunga kamba?"

"Miye mwenyewe. Weye unaweza kuifungua, mama."

"Muntu hana haya, uyu."

Lakini alimpa mkate wa bure, na mapenzi yakaanza vibaya hivyo hivyo.

Kisimba alikuwa amefukuzwa chuoni Lubumbashi kwa sababu ya mgomo. Alipenda uhuru na Émerence, kwa zamu. Usingizi hakuupenda kabisa. Alimwambia kwamba nyimbo za chama zinaimbwa darini hata redio ikizimwa. Émerence alicheka. Alidhani ni siasa.

Asubuhi moja bendera ikipandishwa, mji mzima umesimama kama nguzo, Kisimba alipanda juu ya pipa akaiamuru bendera inyamaze. Askari wakamshika. Émerence akapiga magoti mbele ya baba yake.

"Baba, mumuache. Uyu iko na wazimu."

Askari wakacheka, wakamwachia. Mjomba wa Kisimba, Kyungu, akampeleka kwa masista wa hospitali, na huko, kwa vidonge, dari ikanyamaza.

Akarudi baada ya msimu wa mvua, mashavu yamejaa, shati limepigwa pasi, pamoja na Kyungu na kuku wawili wa kuposa. Uani akamnong'oneza Émerence:

"Uliniita kichaa mbele ya bantu."

"Nilitaka uishi, sheri."

"Sasa niko muzima. Sema ulidanganya, tuoane."

Ndani, kama ilivyo desturi, sajini, kofia ya kazi magotini, alimuuliza binti yake mbele ya wageni kabla ya kugusa zawadi.

"Mutoto, nipokee kuku? Mwendawazimu simpi binti. Na kama ulinidanganya, basi alitukana bendera na akili zake zote. Nitavaa kofia yangu, nimpeleke gerezani."

Kisimba alimtazama Émerence, akitabasamu.

"Usipokee, baba," alisema Émerence. "Iko na wazimu."

Kyungu akawashika kuku miguu, akatoka. Mlangoni Kisimba akageuka.

"Lakini nimekunywa dawa zote, Mere."

Hatua zake zilipoisha barabarani, sajini akaitoa kofia magotini, akaitundika msumarini.