Matundu Yasiyo na Masizi

Mpishi wa kambi, Mama Chausiku, hakuwahi kushika silaha kali kuliko mwiko. Lakini saa tatu asubuhi ile alilala kifudifudi kwenye mkeka wa Kiwanja cha Shabaha cha Mkongeni, akavuta kifyatulio mara tano, na umbali wa mita mia tatu risasi zote tano zikaingia mahali pa kufunikwa na kizibo kimoja cha soda.

"Haya, nani anataka chai?" akauliza, akijipangusa vumbi.

Bunduki ile iliitwa Mlengaji Saba. Ilijipakia yenyewe, risasi moja kwa kila mvuto, kama za zamani. Upya wake ulikuwa kwenye jicholengo, kioo chenye akili kilichosoma upepo, umbali, pumzi na mtetemo wa mkono. Ukivuta, haikufyatuka papo hapo. Ilingoja mpaka iwe na hakika kwamba risasi itafika. Isipokuwa na hakika, ilikaa kimya kama mkwe ukweni. Hayo iliyajifunza kwa picha na makaratasi ya shabaha ya miaka thelathini ya kiwanja kile kile: jinsi kila kuruta alivyolala, alivyotetemeka, na matundu aliyoyatoboa.

Mhandisi aliyeifundisha, Namsifu Mbwambo, hakucheka. Gerezani kulikuwa na askari wa mbuga, Haruni Sangijo, kijana wa miaka ishirini na mitatu, aliyemlenga jangili kwa bunduki hii akamuua mrina asali aliyesimama kando. Haruni aliapa kwamba alikosea. Mahakama ikauliza swali moja tu: silaha isiyokosea inakoseaje? Kama Mlengaji ni nzima, basi kijana aliua kwa kukusudia, na jaribio la leo ndilo lingeijibu mahakama.

"Imefaulu," alisema Mkurugenzi Kirenga wa kampuni iliyoiunda. "Hata jikoni imefaulu. Tumalize."

"Mkubwa, hapo umempima mama aliyelala akaamka vizuri," ilisema sauti kwenye simu ya upepo. Alikuwa Koplo Zomboko, mshika shabaha, ambaye miaka thelathini yote hiyo kazi yake ilikuwa kukaa handakini chini ya shabaha, kuhesabu matundu na kuinua kibao cha alama. "Yule mtoto alikuwa amefukuzana na majangili tangu alfajiri. Mkimbizeni mama kwanza."

"Nikimbizwe mimi, na goti hili?" Mama Chausiku akafoka. "Zomboko, leo maharage yako hayachambuliwi mawe!"

Alikimbia hata hivyo, mizunguko miwili, akimtukania Zomboko ukoo wake wote. Kando ya shabaha nyeusi wakasimamisha nyeupe, ya kusimama badala ya raia. Mama akajitupa mkekani akihema, mtutu ukichora duara hewani. Namsifu hakuwa na wasiwasi: hapo bunduki ingekataa.

Ikafyatuka.

Kibao cha alama kilichelewa kuinuka. "Nyeusi salama," alisema Zomboko. "Nyeupe, kifuani."

Wakarudia mara nne. Nyeupe ikapigwa mara mbili zaidi.

Namsifu aliteremka handakini. Zomboko alikuwa amekaa juu ya sanduku, kofia mkononi.

"Penseli," alisema kabla hajaulizwa. "Unene wake na wa risasi ni mmoja. Kuruta akikosa zote, anarudishwa kwao na kibegi chake. Nikiona mtoto wa watu anatetemeka, namtobolea mbili tatu. Nani angejua makaratasi yale yatakuja kusomwa tena?"

Namsifu akakaa chini, pale pale kwenye mchanga. Risasi huacha pete ya masizi ukingoni mwa tundu. Penseli haiachi kitu. Matundu safi aliyaona, maelfu, miaka minne iliyopita, ofisini penye kiyoyozi. Yalikuwa yakimchelewesha. Akaiandikia mashine amri moja: tundu ni tundu, liwe na masizi au lisiwe nayo. Mashine, mwanafunzi mtiifu, ikaelewa kwamba hata mkono wa woga hupata shabaha.

"Niliyaona, Koplo. Nikadhani karatasi ni mbovu."

"Basi tulikuwa na ubia," mzee akasema. "Tungefungua hata duka."

Kirenga, aliyesikia yote kwenye simu ya upepo, alifika akiwa na kishikwambi, uso umemnawiri. "Safi sana. Kumbe si bunduki, ni udanganyifu. Jaza hapa."

Kiooni kulikuwa na maneno *Chagua mhusika*, na chini yake majina mawili: Haruni Sangijo, mtumiaji; na Athumani Zomboko, mshika shabaha.

"Langu halimo," alisema Namsifu. "Niandike."

"Fomu haina nafasi ya kuandika. Kwenye kumbukumbu za kampuni, Mlengaji ilijifunza yenyewe. Chagua, dada yangu, au nipeleke mahakamani majibu ya asubuhi."

Ya asubuhi yalimaanisha kamba shingoni mwa Haruni.

"Bonyeza langu, mwanangu," alisema Zomboko. "Yule bado ana meno. Mimi ugali wa gerezani nitaumeza tu, wala sitajua kama una mchanga."

Namsifu alimtazama mzee, kisha akabonyeza jina lake.

Kishikwambi kikajibu papo hapo, kwa sauti ya kike yenye adabu nyingi: "Asante. Chanzo cha kosa kimepatikana. Mlengaji Saba imeidhinishwa kuendelea na kazi."